MUPIRA WA KISIWA CHA WAFUNGWA NA MUPIRA WETU



Tangu trimesta iliyopita kiwanja chetu kinalala. Majani yameota mbele ya goli, na mbuzi za majirani ndizo zinacheza pale. Kila mutu anajua sababu. Siku ile ya posho kilasi ya tano ilipambana na kilasi ya sita. Goli moja ikaingia. Wamoja wakasema ni goli, wengine wakasema hapana, arbitri akasukumwa, mawe yakaruka. Siku ya kazi moja Bwana Prefe akafungia mupira katika kabati, na ufunguo iko katika mufuko wake mpaka leo.

Sisi tunaoandika tulikuwa pale. Hatutasema uongo: mikono yetu pia ilimusukuma arbitri. Basi hatuandiki kusudi tumuhukumu Bwana Prefe. Tunaandika sababu tunaona kwamba kufungia mupira hakukumaliza neno, kulilificha tu. Na tunataka kuwaeleza habari ya watu ambao mupira wao ulikuwa mugumu kuliko wetu.

Kuko kisiwa kimoja katika Afrika ya Kusini, mbele ya muji wa Cape Town, jina lake Robben Island. Ni kidogo sana: urefu wake unapita kilometa 3 kidogo tu. Idjwi yetu inakishinda mara nyingi. Zamani serikali ya apartheid ilifungia kule watu waliokataa sheria zake za ubaguzi. Wafungwa walivunja mawe siku nzima. Ruhusa ya kucheza, hakuna. Ndani ya vyumba walikunja nguo za kuzeeka na karatasi, wakatengeneza mupira, wakacheza kwa kujificha.

Kisha wakaanza kuomba. Walipatana namna hii: kila juma mufungwa mumoja asimame mbele ya wakubwa wa gereza na kuomba ruhusa ya kucheza mupira. Jibu ilikuwa hapana, na pengine azabu juu yake, kunyimwa chakula. Juma lingine mufungwa mungine anasimama, ombi ni lile lile. Waliomba hivi karibu miaka 3. Wageni wa Musalaba Mwekundu nao waliwasemea. Mwisho wa mwaka 1967 wakubwa wakakubali: siku ya posho, dakika 30. Mechi ya kwanza ilikuwa ya Rangers na Bucks, katika mwezi wa 12.

Mwaka uliofuata, 1968, wachezaji wa inchi yetu walibeba Kombe la Afrika kule Addis-Abeba, na wazee wetu wanajivunia mpaka leo. Lakini angalieni: hawa walicheza mbele ya watu wengi wenye kupiga makofi, wale walicheza mbele ya walinzi wenye bunduki. Mupira ni ule ule.

Lakini kitu kinachotushangaza zaidi si mupira, ni makaratasi. Mwaka 1969 wafungwa walisimamisha chama chao, wakakiita Makana Football Association. Makana alikuwa muongozi wa Waxhosa. Waingereza walimufunga katika kisiwa kile kile kisha vita ya 1819, na alikufa katika maji akijaribu kukimbia. Chama kilikuwa na prezida, na sekretari, na sheria zilizoandikwa, na maarbitri waliojifunza kazi yao katika kitabu. Walifuata sheria za FIFA. Ekipe ziligawanyika katika madaraja 3, kusudi hata asiyejua sana apate nafasi. Mutu akiwa na neno, hasukumi mwenzake: anaandika barua, na sekretari anamujibu kwa barua. Kumbe watu hawa walikuwa wanaishi katika gereza moja! Karatasi zile zilijaza masanduku mengi, na zinalindwa katika chuo kikuu cha Western Cape.

Tusifikiri walikuwa malaika. Mwaka 1970 Atlantic Raiders, ekipe ya wachezaji wenye majina, ilishindwa na Blue Rocks, ekipe ya wachezaji wa kawaida, juu ya goli moja ambayo hawakuikubali. Wakalalamika. Walipoona hawapati jibu wanayotaka, wakalala chini katika kiwanja siku ya mechi, hakuna kucheza. Viongozi wa chama walifanya nini? Walikaa kama baraza, wakasikiliza upande huu na upande ule, wakaandika yote, na neno lile likawachukua miezi. Walijua kama wakipigana, walinzi watapata sababu ya kuchukua mupira. Hakuna jiwe lililoruka. Na kule mawe yalikuwa mengi kuliko hapa kwetu.

Kuko neno lingine. Ekipe nyingi za kisiwa zilifuata vyama vya siasa: wa ANC na wa ANC, wa PAC na wa PAC. Lakini ekipe moja, Manong, ilifungua mulango: mutu yeyote aingie, hatumuulizi chama chake. Hapa ndipo habari inatuchoma sisi. Ekipe zetu zinaitwa kilasi ya tano na kilasi ya sita, lakini wote tunajua kuko majina mengine chini yake: hawa wa mulimani, hawa wa pembeni ya ziwa. Kapiteni akichagua wachezaji, anaangalia kijiji kwanza, kisha anaangalia miguu. Basi tuseme kweli. Goli ile haikuleta mawe. Mawe tulikuwa nayo katika mifuko tangu zamani.

Wengine kati ya walimu wetu wanasema mupira unaharibu masomo. Kwa heshima tunawajibu kwa mufano wa Dikgang Moseneke. Alikamatwa mwaka 1963 akiwa na miaka 15, ndiyo miaka ya wadogo wetu wa hapa, akafungwa miaka 10. Kisiwani alimaliza masomo ya sekondari, akaendelea na masomo ya chuo kikuu, na tena alikuwa kati ya viongozi wa Makana. Mwaka 2005 aliwekwa kuwa naibu wa jaji mukubwa wa inchi yake. Sisi hatushangai. Mutu aliyezoea kusoma sheria, kusikiliza pande mbili na kuandika neno bila kulipindua, amekwisha kuanza kazi ya jaji, hata kama anavaa nguo za mufungwa.

Angalieni tena mwisho wake. Mwaka 1976 FIFA ilifukuza shirikisho la mupira la Afrika ya Kusini juu ya ubaguzi. Tarehe 18 mwezi wa 7 mwaka 2007 FIFA hiyo hiyo iliingiza Makana kuwa memba wa heshima. Wenye viwanja vizuri walitolewa inje, wenye kiwanja cha gereza wakaitwa ndani.

Posho iliyopita tulienda kwa arbitri wetu, mwenzetu wa kilasi ya ine, tukamuomba musamaha. Alitusamehe. Lakini alisema hatashika filimbi tena mpaka aone sheria juu ya karatasi. Tunaona ana haki. Kwa hiyo tunaomba maneno matatu:

1. Kuwe komite: munafunzi mumoja wa kila kilasi, na mwalimu mumoja. Dada zetu wawe ndani pia, sababu siku ile wao ndio walituachanisha.

2. Kuwe kaye ya malalamiko. Mwenye neno aandike, komite ijibu ndani ya juma moja. Atakayemugusa arbitri akae inje trimesta nzima. Azabu hiyo ianze na sisi.

3. Ekipe zichaguliwe kwa kura, kilasi zote pamoja, kusudi wa mulimani na wa ziwa wavae rangi moja na kutafuta goli moja.

Tunajua Bwana Prefe anaweza kusema hapana. Ni haki yake, tulimupa sababu. Lakini kila juma mumoja wetu atasimama mbele ya ofisi yake na kuomba kwa adabu, leo huyu, kesho mungine. Wale wa kisiwa waliomba karibu miaka 3. Sisi tumebakiza miaka 2 katika shule hii, na wadogo wetu wako nyuma yetu.

Leo ni juma la kwanza.

Wanafunzi wa kilasi ya tano