Turudishieni onyesho zima

Runinga zetu zimelikata onyesho vipande vipande. Muziki una saa yake, vichekesho vina saa yake, na ngoma za asili husubiri sherehe za kitaifa. Mimi sikubaliani na mpango huo.

Nilipoishi Dar es Salaam nilikuwa sikosi maonyesho ya Muungano, kundi la Norbert Chenga. Kiingilio kimoja kilikupa ngoma, kwaya, sarakasi, kichekesho, igizo na taarab. Sindimba, ngoma yetu Wamakonde, ikianza, ukumbi mzima ulinyanyuka. Kundi la TOT la Kapteni John Komba lilipoingia mwaka 1992, ushindani wa taarab ukapamba moto: Khadija Kopa huku, Nasma Khamis kule, watu wakitunza noti. Aliyefuata mipasho alijikuta anavunjika mbavu kwa kichekesho, na kijana aliyefuata kichekesho aliondoka anaijua sindimba.

Tanzania Bara ilipata runinga mwaka 1994, ingawa Zanzibar walikuwa nayo tangu miaka ya 1970. Hivyo sehemu kubwa ya enzi ile ilipita bila kamera. Waingereza waliwahi: mwaka 1955 waliingiza kamera katika ukumbi wa Palladium, London, wakarusha onyesho la Jumapili usiku lenye waimbaji, wachekeshaji na wacheza dansi, watazamaji wakiwa vitini. The Beatles walipopanda jukwaa lile Oktoba 1963, mamilioni waliwaona wakiwa nyumbani.

Watazamaji tunao. Kipindi cha vichekesho cha Ze Comedy kilipokuwa EATV, hapa kijijini Mkunya, Newala, tulijazana kwenye kibanda cha video kuwaangalia Joti na Masanja. Wasanii tunao pia. Vijana wakitoka jandoni, lipiko, yule mchezaji wetu wa kinyago, huingia uwanjani akimwiga mlevi au mzee mkali, ngoma zikimfuata hatua kwa hatua, na sisi wanawake tunakimbia huku tunacheka. Humo huwezi kutenga muziki na kichekesho. (Siri za jando zibaki jandoni, lipiko wa uwanjani ni wa watu wote.)

TBC ni ya umma, basi ianze yenyewe. Itenge saa moja kila Jumamosi usiku, irekodi mbele ya watu, wiki hii Masasi, wiki ijayo Tanga, na lipiko apande jukwaa moja na msanii wa bongo fleva. Wachezaji wa Newala wasiitwe kwa nauli na soda. Wapewe mkataba, walipwe kama anavyolipwa huyo wa bongo fleva.