Kodi si pesa ya kutupa

Ijumaa iliyopita tulikuwa tumekaa barazani hapa Lamu baada ya sala, akaja kijana wa kampuni ya kuuza nyumba. Alikuwa ameshuka na boti ya asubuhi kutoka Mokowe, na mkoba wake umejaa karatasi zenye picha za nyumba nyeupe na miti ya maua. Akaamkia vizuri, akakaribishwa kahawa, kisha akasema maneno ambayo nimeyasikia mpaka yamenichosha: "Wazee wangu, kodi ni pesa ya kutupa. Mtu anapanga miaka ishirini na mwisho hana hata jiwe moja. Hela ile ile unayompa mwenye nyumba uipe benki, na mwisho nyumba ni yako." Vichwa vikaitikia. Mstaafu mmoja ninayemheshimu, ambaye hanunui samaki aina ya changu pale sokoni mpaka bei ya kilo iteremke shilingi ishirini, akasema, "Hilo ni kweli kabisa." Mimi nikanyamaza kwa adabu ya baraza. Hapa sinyamazi.

Si kweli, na linalonikera ni kwamba neno hili limeaminiwa na watu wenye akili. Mkopo wa nyumba nao ni kodi. Unachopanga ni pesa badala ya vyumba, na pesa ina mwenyewe kama nyumba ilivyo na mwenyewe, na mwenye pesa huchukua chake kwanza kila mwezi kabla wewe hujaanza kumiliki chochote. Anayekulaumu kwa kumlipa mwenye nyumba 18,000 halafu akakusifu kwa kumlipa mwenye pesa 35,000 hajakusaidia.

Hesabu hizi sikuzitoa hewani. Mpwa wangu, Mwamu, yaani mwenyeji wa Lamu, anayefanya kazi Mombasa, alikopa shilingi milioni 3 kununua nyumba upande wa Bamburi. Riba ni asilimia 14 kwa mwaka, muda miaka 20. Alipokuja Lamu likizo aliniletea taarifa yake ya mkopo, karatasi mbili zilizokunjwa ndani ya kitabu cha mtoto. Tukaitandaza juu ya mkeka. Mstari wa kwanza: malipo ya mwezi, 37,306. Safu ya pili, riba, 35,000. Safu ya tatu, kilichopunguza deni, 2,306. Akaweka kidole pale. "Mjomba, hii elfu mbili ndiyo nyumba?" Nikamwambia ndiyo, mwanangu, hiyo elfu mbili na mia tatu ndiyo nyumba. Iliyobaki ni kodi.

Tukaendelea kushuka na karatasi. Baada ya miaka mitano atakuwa ameshalipa shilingi milioni 2.24, na deni litakuwa limepungua kwa chini ya laki mbili. Bado anadaiwa milioni 2.8. Baada ya miaka kumi atakuwa ametoa karibu milioni 4.5, yaani amekwisha kurudisha mkopo wote na nusu yake juu, na salio ni milioni 2.4. Nusu ya deni haifiki mpaka mwaka wa kumi na sita. Siku ya kumaliza atakuwa amelipa karibu milioni 9 kwa mkopo wa milioni 3. Mtoto aliyezaliwa mwaka wa kukopa atakuwa amemaliza sekondari, na nusu ya deni la mama yake ndiyo kwanza imekatika miaka michache tu nyuma.

Nyumba kama hiyo, ukuta kwa ukuta, jirani yake anaipanga kwa 18,000. Huyo ndiye anayeambiwa anatupa pesa. Tofauti kati yao ni zaidi ya 19,000 kila mwezi. Akiiweka tu, kwenye chama au chama cha akiba na mikopo, hata bila faida ya senti moja, kwa miaka mitano ana zaidi ya shilingi milioni 1.15 mkononi. Mwenzake aliyejenga heshima ya kuitwa mwenye nyumba amepunguza deni lake kwa chini ya laki mbili. Kwa hiyo naomba nijibiwe: katika hawa wawili, ni nani aliyetupa pesa?

Jibu ninalopewa siku zote ni kwamba mtu mzima hapangi. Hii ndiyo hoja yao kubwa, na ni hoja ya aibu, haina hesabu ndani yake hata kidogo. Ati utaoaje, utaitwaje baba fulani, nawe unalala kwenye nyumba ya watu. Basi mtu anajifunga miaka ishirini ili shemeji zake wasiseme. Kukopa harusi, kulipa matanga, na shemeji hawaji kwenye matanga hayo kuchanga.

Wako wanaojiona wajuzi zaidi, husema sheria inalinda, riba haiwezi kuzidi mkopo. Wamesikia nusu ya habari. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika mwaka 2007, huweka mpaka kwenye riba baada ya mkopo kuharibika, yaani baada ya wewe kushindwa kulipa. Anayelipa vizuri kila mwezi kwa miaka ishirini hana mpaka wowote hapo. Mpwa wangu atalipa riba karibu mara mbili ya mkopo, na kila senti ni halali mbele ya sheria.

Na hiyo 14 yenyewe haijakaa. Mikopo mingi ya nyumba nchini ina riba inayopanda na kushuka. Bunge liliifungia riba kwa sheria mwaka 2016, na Novemba 2019 kufuli likaondolewa. Mwanzoni mwa 2022 riba ya msingi ya Benki Kuu ilikuwa asilimia 7. Februari 2024 ilikuwa imefika 13. Tangu hapo imeshuka, na kila inaposhuka watu wa matangazo hutangaza kama sikukuu, lakini aliyekuwa akilipa katika miezi ile hajasahau. Chukua mkopo ule ule wa mpwa wangu, upandishe mpaka asilimia 17. Riba ya mwezi peke yake inakuwa 42,500, na yeye alipangiwa kulipa 37,306. Asipoongezewa malipo, deni linakua huku analipa. Analipa kila mwezi bila kukosa, na kila mwezi anadaiwa zaidi ya mwezi uliopita. Jambo hili kijana wa mkoba hakulitaja, na katika karatasi zake zenye maua sikuliona.

Hata ile mikopo nafuu, inayotolewa kupitia kampuni ya kugharimia mikopo ya nyumba iliyopata leseni mwaka 2020, ikienda kwa asilimia 9, milioni 3 kwa miaka ishirini hurudishwa milioni 6.4 na zaidi. Ni nafuu kweli ukilinganisha na milioni 9. Lakini waulize waliochukua walitajiwa nini ofisini. Walitajiwa malipo ya mwezi. Watu wetu wamefundishwa kuuliza "kwa mwezi ngapi?" na hakuna anayeuliza "jumla ngapi?" Ukinunua mbuzi utauliza jumla.

Ongeza ada ya ukaguzi wa thamani, wakili, ushuru wa stempu ambao mjini ni asilimia 4 ya bei, bima ya moto na bima ya maisha ambayo benki huidai ili ukifa ilipwe yenyewe. Na mkataba wa yote haya umeandikwa kwa Kiingereza cha mawakili, herufi ndogo, kurasa na kurasa. Katiba ya 2010 inasema Kiswahili ni lugha ya taifa na ni lugha rasmi. Tangazo la mkopo nimelisikia redioni kwa Kiswahili kitamu kabisa, lakini mkataba wa Kiswahili sijawahi kuuona mezani. Kwa kuvutwa tunasemeshwa lugha yetu, na kwa kufungwa tunasemeshwa lugha yao. Hili ni jeuri, na viongozi wetu wa pwani, ambao kila uchaguzi huja kutusomea mashairi, hawajawahi kulisimamia.

Maana nimetaja viongozi: mwalimu wa Faza anakatwa asilimia 1.5 ya mshahara wake kwa ajili ya nyumba za bei nafuu. Mahakama Kuu ilisema Novemba 2023 kwamba tozo ile ilikiuka katiba, na Machi 2024 ikarudi na sheria mpya. Anakatwa ili nyumba ijengwe mahali asipoishi, kisha anaambiwa akitaka moja aje akope. Nani aliyeketi na mwalimu huyo akamwonyesha jumla?

Kuna hoja ya thamani pia. Ati nunua sasa, bandari inakuja, ardhi itapanda. Hiyo tunaisikia tangu Machi 2012, marais walipokuja kuweka jiwe la msingi la LAPSSET, mradi wa bandari ya Lamu. Gati la kwanza lilifunguliwa Mei 2021. Niwaambie walionufaika hadi leo: madalali wa viwanja vya Hindi na Mokowe. Wavuvi walienda mahakamani, na mwaka 2018 wakaamuliwa fidia ya shilingi bilioni 1.76 kwa bahari waliyoharibiwa. Kukopa kwa miaka ishirini kwa kutegemea ahadi ya serikali kuhusu Lamu ni jambo ambalo Mwamu yeyote aliyekwisha kuona maisha angelikataa kabla kahawa haijapoa.

Sitaingia katika hukumu ya riba. Masheikhe wamesema na kila Muislamu wa Lamu anaijua. Anayekwenda benki ya Kiislamu ana jambo moja jema: katika murabaha, benki hununua nyumba ikakuuzia kwa bei iliyotajwa pamoja na faida yake, na bei hiyo haibadiliki. Hapo angalau jumla imetamkwa. Aiangalie kwa macho yake mawili hata hivyo, kwani wapo wanaoingia humo na kuuliza yale yale ya mwezi ngapi.

Pwani hii tuna kumbukumbu ya mambo haya, ingawa hatuwasimulii vijana. Unguja na Pemba, wenye mashamba ya karafuu walikopa kwa njia ya bei ya khiyari. Mwenye shamba alimuuzia mkopeshaji kwa sharti la kulikomboa kwa muda fulani, na siku hiyo hiyo akalipanga shamba lake mwenyewe, akawa analipia kodi minazi na mikarafuu aliyoipanda babu yake. Kodi ile ndiyo iliyokuwa riba. Bei ya karafuu ilipoanguka wengi hawakuweza kukomboa, mpaka mwaka 1934 serikali ya Zanzibar ikabidi itunge sheria za kuzuia mashamba yasiishie mikononi mwa wakopeshaji. Watu wale hawakuwa wajinga. Waliangalia kiasi cha kulipa msimu ule, na shamba wakaliona bado ni lao kwa sababu bado walikuwa wanalitembelea asubuhi.

Na nyumba za Lamu zilijengwaje? Huu mji ambao UNESCO iliuingiza katika urithi wa dunia mwaka 2001 haukujengwa kwa mkopo wa miaka ishirini. Baba alijenga tini, yaani chini, akatulia. Binti alipokaribia kuolewa akapandisha orofa. Binti wa pili alipokua na kiwanja kimejaa, akarusha wikio juu ya kichochoro mpaka ng'ambo. Mawe yalivunjwa Manda, Maweni, yakaletwa kwa mashua na kupandishwa na punda, boriti zikatoka mikokoni, chokaa ikachomwa hapa hapa. Kazi ilisimama pesa ilipokwisha, na ikisimama hakuna aliyekuja na nyundo ya mnada. Mpaka leo, nenda Wiyoni utaona: chumba kimoja na choo, mtu amehamia, nondo zimechomoza juu zinasubiri mwaka mwingine. Wapita njia huziona nondo hizo wakasema ni umaskini. Mwenye nyumba ile hadaiwi na mtu. Elfu 19 kwa mwezi, zile za tofauti nilizozitaja, ni mawe na saruji na mshahara wa fundi mwaka baada ya mwaka. Nakubali mambo yamekuwa magumu. Marufuku ya kukata miti ya Februari 2018 iliwakalisha bure wakata mikoko na mafundi wakakosa boriti. Hilo nalo ni la serikali.

Kwa mila yetu nyumba hupewa mwanamke. Baba humjengea binti, na mume ndiye anayehamia. Kwa hiyo mzigo wa mkopo ukija Lamu unamfikia mwanamke, na sasa naona waume wanarudi nyumbani na fomu, wanaomba hati ya nyumba ya mke iwekwe rehani ili wanunue nyingine Malindi au Mombasa. Sheria ya Ardhi ya 2012 inataka mwenzi akubali kabla nyumba ya ndoa haijawekwa rehani. Malipo yakikwama, sheria hiyo hiyo inampa mkopaji notisi ya miezi mitatu, kisha ya siku 40 kabla ya kuuza, na dalali naye hutoa siku zake 45. Zikiisha, nyumba aliyoijenga baba inapigiwa mnada. Na mkopaji akifa, kwa dini yetu deni hulipwa kabla mirathi haijagawanywa, kwa hiyo watoto hupokea kinachobaki.

Basi dada zangu, fomu ikiletwa msitie saini siku hiyo. Mwambieni arudi benki akaombe jedwali la marejesho, mwezi kwa mwezi mpaka mwaka wa mwisho, na lingine la hivyo hivyo riba ikipanda kwa asilimia tatu. Karatasi hizo mteja ana haki ya kuziomba kabla ya kusaini chochote. Shukeni na safu ya salio mpaka mwaka wa kumi, na chini kabisa mtazame jumla. Benki isipozitoa, fomu irudi ilikotoka.