Garimoshi la Nanyuki lihudumie na wachuuzi

Wagikuyu waliliita garimoshi ngari ya mwaki, yaani gari la moto; sisi wa Kiswahili tukaona moshi. Majina hayo yamedumu kuliko injini za mvuke zenyewe.

Reli hiyo ilifika Thika mwaka 1913, na Nanyuki mwaka 1930. Walowezi ndio waliokusudiwa. Mji wa Nyeri wenyewe haikuugusa. Ilipita Kiganjo, na hadi leo msafiri wa Nyeri hana budi kutafuta matatu kwanza ndipo alione behewa. Baadaye huduma ilififia, magugu yakatawala njia, hata mwaka 2020 Serikali ilipoifufua kwa nguvu za wanajeshi na Huduma ya Vijana kwa Taifa. Abiria walirejea Desemba mwaka huo: kwenda Ijumaa, kurudi Jumapili.

Mimi ni mtu wa isimu, na ratiba kwangu ni matini kama matini nyingine. Hiyo ilimsemesha mkazi wa Nairobi anayekwenda kupunga upepo chini ya Mlima Kenya. Haikumsemesha mama wa Karatina mwenye magunia ya kabichi, kwani soko la Karatina halingoji Ijumaa.

Najua nitajibiwa kwamba lori ni jepesi kuliko garimoshi. Kweli, kwa mwenye kumudu nauli ya lori. Shirika la Reli liongeze basi behewa moja la mizigo midogo, katikati ya juma, lisimame Kiganjo, Karatina na Sagana. Njia imekwisha kulipiwa na mlipa kodi, yule mama akiwamo.