Mjomba, Hakuna Talaka: Barua Kuhusu Marekani na India

Iselin, New Jersey

Ndugu zangu wa barazani Ngamiani, Tanga,

Ujumbe wenu wa sauti nimeusikiliza wote, na kete za bao na kelele za muuza kahawa humohumo. Mjomba ameshikilia kwamba Marekani na India wameachana, tena talaka tatu, tangu Trump alipoipandishia India ushuru hadi asilimia 50 mwezi Agosti 2025. Vijana nao wanasema ndoa yenyewe haikuwahi kufungwa. Mmeniomba nihukumu, maadamu naishi mtaa uliojaa Wahindi katika nchi ya Wamarekani.

Mimi naona pande zote mbili mnabishana juu ya picha za televisheni. Ushuru ule ni kweli: nusu ulikuja kwa jina la biashara, nusu ya pili kama adhabu kwa kununua mafuta ya Urusi. Siku chache baadaye Waziri Mkuu Modi alikuwa Tianjin, China, akicheka na Xi na Putin mbele ya kamera, na hapo ndipo mjomba alipopiga muhuri hukumu yake. Lakini siku hizohizo kikosi cha jeshi la India kilikuwa Alaska, kikianza mazoezi ya kivita ya Yudh Abhyas bega kwa bega na askari wa Marekani. Hilo halikuwafikia Tanga kwa sababu halina mtu anayekumbatiwa. Tarehe 31 Oktoba, ushuru ukiwa bado uleule, Pete Hegseth na Rajnath Singh, wakuu wa ulinzi wa nchi hizo, wakakutana Kuala Lumpur na kutia saini mkataba wa ushirikiano wa kijeshi wa miaka kumi.

Wazee mliokuwa vijana wa TANU mwaka 1971 hamtashangaa kwamba mambo haya yana mizizi mirefu. Vita vya Bangladesh vilipopamba moto, Nixon aliipeleka Enterprise, manowari kubwa ya kubeba ndege, hadi Ghuba ya Bengal ili kuitisha India. Nchi mbili zinazojisifu kwa kupiga kura, na moja ikasimama upande wa Jenerali Yahya Khan wa Pakistani dhidi ya mwenzake! India ilikuwa imekwisha kujiwekea kinga, kwani Agosti mwaka ule ilitia saini mkataba wa urafiki na Wasovieti. Kabla ya hapo, ukame ulipoipiga India mwaka 1965 na 1966, Rais Johnson aliachia meli za ngano ya msaada kidogokidogo, huku akikereka na maneno ya Delhi juu ya Vietnam. Delhi haikusahau. Kila wanapobanwa leo kuhusu mafuta au silaha za Urusi, kumbukumbu ya ngano ile imo chumbani.

Miaka ya majaribio ya bomu la nyuklia naipita haraka. La 1974 likaifungia India milango ya teknolojia, ya 1998 yakailetea vikwazo, kisha mwaka 2000 Clinton akaenda Delhi, rais wa kwanza wa Marekani kufika huko baada ya miaka 22.

Mwaka 2008 ndio ninaotaka mkae nao. Julai 2005 Rais Bush na Manmohan Singh, Waziri Mkuu wa India wakati ule, walikuwa wamekubaliana kwamba Marekani itaifungulia India biashara ya nyuklia ya kiraia, ingawa India haijatia saini mkataba wa kuzuia kuenea kwa silaha hizo. Kulisema hilo Washington kulikuwa rahisi. Kulipitisha kulikuwa kazi ya miaka mitatu, kwa sababu Bunge la Marekani lilipaswa kubadili sheria, na kule Delhi vyama vya mrengo wa kushoto, vilivyokuwa vikiibeba serikali ya Singh, vikaondoa mkono wao. Msomi yule mpole, ambaye hata sauti yake ilikuwa taabu kuisikia, akaamua kuhatarisha kiti chake. Tarehe 22 Julai 2008 ikapigwa kura ya imani. Wabunge wa upinzani wakaingia na mabunda ya noti, wakayamwaga mezani bungeni, wakidai ni hongo waliyopewa ili wasipige kura. Nchi nzima ikiwa imekodoa macho! Serikali ikapona kwa kura 275 dhidi ya 256, na Oktoba mkataba ukatiwa saini.

Sasa angalieni: chama kilichopinga siku ile, BJP, ndicho cha Modi. Kiliposhika nchi mwaka 2014 hakikuuchana mkataba ule, kiliendelea kujenga juu yake. Modi mwenyewe alinyimwa viza ya Marekani mwaka 2005 kwa sababu ya mauaji ya Gujarat ya 2002; alipopata uwaziri mkuu mlango ukafunguka, na Juni 2023 akaandaliwa dhifa ya kitaifa Ikulu ya Washington. Kwa hiyo nikisikia viongozi wanahubiri kwamba demokrasia ndiyo inayowaunganisha, huwa natabasamu. Ila kuna upande ambapo demokrasia inafanya kazi kweli. Inachelewesha kila kitu na kukitia kelele, lakini kilichopenya mabunge mawili namna ile ni kigumu kubomolewa na mtu mmoja aliyeamka na hasira.

Nacho kinachowasukuma kukaa pamoja, tusizunguke, ni China. Marekani ilikuwa ikiiomba India kwa zaidi ya miaka kumi ikubali majeshi yao kutumiana bandari na mafuta. India ikasaini mwaka 2016. Juni 2020 askari 20 wa India wakauawa na Wachina katika bonde la Galwan, na Oktoba mwaka uleule ukatiwa saini mkataba wa kupeana ramani na picha za setilaiti. Hata hivyo India ilinunua mitambo ya kutungulia ndege ya S-400 kutoka Urusi, na Washington, yenye sheria ya kuwaadhibu wanunuzi wa aina hiyo, ikatazama pembeni.

Hasara inayoonekana kwa macho iko huku chini. Oak Tree Road, barabara ya maduka ya Kihindi karibu na kwangu, kuna mzee wa Kigujarati aliyezaliwa Mwanza, na Kiswahili chake bado kina ladha ya Kanda ya Ziwa. Nilimkuta akibandika bei mpya juu ya magunia ya basmati. Kushoto mchele wa India, uliotozwa asilimia 50, kulia wa Pakistani, uliotozwa 19. "Wao wakigombana, mie ndio nabandika," akasema, bila kuinua kichwa. Kilichomuuma zaidi kilikuwa ada ya dola 100,000 iliyowekwa Septemba 2025 kwa maombi mapya ya viza za wataalamu wa kigeni, ambazo nyingi huchukuliwa na Wahindi. Mpwa wake wa Hyderabad alikuwa ameahidiwa kazi, kampuni ikanyamaza.

Kwetu nako, Oktoba 2023 Rais Samia alikwenda Delhi, na uhusiano wa Tanzania na India ukapandishwa kuwa ubia wa kimkakati. Aprili 2025 manowari za India na za nchi kadhaa za Afrika zilifanya mazoezi Dar es Salaam. Majirani zetu Wakenya walipewa na Marekani cheo cha mshirika mkuu asiye wa NATO mwaka 2024. Ilipofika 30 Septemba 2025, AGOA, sheria ya Marekani iliyokuwa ikiwapitishia nguo zao bila ushuru ikamaliza muda wake bila kuongezwa siku hiyo. Cheo hakikuzuia. Vijana, mkisikia neno ubia redioni, ulizeni ni karatasi gani imesainiwa na bungeni ilipita lini.

Kama mnataka kitu cha kufuatilia, acheni mikutano ya kilele, fuateni injini. Novemba 2025 kampuni ya HAL ya India iliagiza kwa General Electric injini 113 za F404 kwa ndege zake za Tejas. Hizo ni za kununua tu. Kubwa zaidi ni F414, ambayo tangu 2023 wanajadiliana itengenezwe India kwenyewe, pamoja na sehemu kubwa ya ujuzi wake. Ujuzi wa injini ya ndege ya kivita Marekani haimgawii kila mtu, hata marafiki wa zamani. Mkataba huo ukikamilika, mjomba atanilipa kahawa.

Nisalimieni bibi, na mwambieni zile dawa za macho nimezipeleka kwa yule anayesafiri.

Wasalaam,
Ndugu yenu wa Iselin