Msimulizi wa Sinema Si Mpiga Kelele

Wapo miongoni mwetu walimu wa Kiswahili, hapa Kasese na kule Bwera, wanaodai kwamba msimulizi wa sinema katika vibanda vya video ni mpiga kelele anayeharibu kazi ya wengine. Dai hilo tunalipinga.

Filamu ya ng'ambo humfikia mtazamaji asiyejua lugha yake ikiwa kama bubu, ijapokuwa wahusika wake wasema tangu mwanzo hadi mwisho. Msimulizi huipunguza sauti yake, akatia ya kwake. Hafasiri neno kwa neno. Humbatiza mhusika jina la mtaani, hudokeza hatari kabla haijafika, humkejeli jambazi, na hunyamaza pale ambapo kimya chatosha. Picha ni zile zile, lakini kisa kimekuwa kingine. Huyo ameumba.

Mfano tunao nchini mwetu. Mwaka 2010 Isaac Nabwana wa Wakaliga, Kampala, alitoa filamu iitwayo "Who Killed Captain Alex?". Nakala iliyoenea duniani ina sauti ya msimulizi, VJ Emmie, akitania na kushangilia juu ya picha. Mwaka 2022 wasanii wa Wakaliga walishiriki maonyesho ya sanaa ya documenta huko Kassel, Ujerumani. Je, wageni waone sanaa pale ambapo sisi twasikia kelele tu?

Tutaambiwa kwamba vibandani huonyeshwa picha zisizofaa watoto, na kwamba wanafunzi hutoroka masomo kwenda humo. Ni kweli. Lakini hayo ni makosa ya wenye vibanda na ya sisi walezi. Usimulizi hauna hatia.

Lawama yetu ni nyingine: nchini mwetu sanaa hii imestawi zaidi kwa Kiluganda. Huko Dar es Salaam, Derek Mukandala, maarufu kwa jina la Lufufu, alisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili. Nchini Kenya DJ Afro amejipatia sifa kwa kazi hiyo hiyo. Mtoto wa Bwera husikia Kikonzo nyumbani na Kiswahili katika soko la mpakani Mpondwe. Kwa nini naye asikue msimulizi wa Kiswahili?

Mwaka 2005 Katiba yetu ilikifanya Kiswahili lugha rasmi ya pili. Mwaka 2022 Baraza la Mawaziri likaelekeza kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na sekondari. Ni jambo jema, lakini agizo halimfundishi mtu kucheka kwa Kiswahili. Lugha inayoishia katika karatasi za mtihani haina makao.

Basi, ndugu walimu, yatupasa tuache kubeza. Tuchukue filamu fupi, tuzime sauti yake, tuwaachie wanafunzi waisimulie kwa Kiswahili chao. Tusahihishe sarufi baadaye, kwanza tuwasikilize.