Kidonge Hakina Mdomo

Vijana wenzangu wa kalamu, kuna uongo unauzwa bei poa vijiweni, na wateja wake wakubwa ni sisi wenyewe. Anzia stendi ya Tarime mjini mpaka Sirari mpakani, anzia Nyamongo kwenye dhahabu mpaka Mugumu kule Serengeti, utausikia ukitolewa kwa sauti ya mtu anayejua: "Zile dawa za sonona zinakula ubongo. Ukianza kuzimeza, mshikaji, utasahau hata njia ya kwenu." Mwingine anadakia: "Na kipaji ndiyo basi tena. Mshairi akimeza vile vidonge anabaki karani."

Upande wa pili wa barabara upo uongo mwingine, na huu umevaa koti jeupe. Wenyewe hausemi neno. Unakupa kibahasha kilichoandikwa kwa kalamu ya wino: 1 x 1 usiku. Halafu unaita, "Anayefuata!" Hiyo ndiyo fasihi fupi kuliko zote katika wilaya zetu, tarakimu mbili na neno moja. Mgonjwa akithubutu kuuliza, "Daktari, hii itanifanyaje kichwani?" anajibiwa, "Wewe kunywa tu."

Mimi nagombana na wote wawili. Nasema hivi: dawa za sonona zinaweza kugusa kumbukumbu, nyingine zinagusa sana, nyingine kidogo. Lakini ugonjwa wenyewe nao ni mwizi wa akili, na mara nyingi ndiye anayeiba zaidi. Mtu anayeambiwa nusu tu ya habari hii anadhulumiwa. Asiyeambiwa chochote anadhulumiwa mara mbili.

Tuanze na ugonjwa, maana kijiweni hautajwi. Sonona siyo majonzi ya kuachwa na mchumba. Ni huzuni au kukosa hamu kunakokaa wiki mbili na zaidi, karibu kila siku, pamoja na usingizi kuharibika, uchovu, kujiona hufai, na (hapo ndipo pa kusikiliza) akili kushindwa kutulia. Hilo la mwisho limo katika vigezo ambavyo madaktari huutambulia ugonjwa. Mtahiniwa wa kidato cha nne anasoma ukurasa mmoja mara tatu, hakibaki kitu. Mama muuza dagaa hakumbuki nani kalipa na nani kakopa. Kijana wa bodaboda anapitiliza nyumba ya abiria wake. Wote hao hawajaonja hata kidonge kimoja! Mapitio ya tafiti yaliyochapishwa Uingereza mwaka 2014 yalionyesha kuwa wenye sonona wako nyuma katika umakini, kumbukumbu na kupanga mambo, na kwamba upungufu wa umakini na wa kupanga mambo huweza kubaki hata baada ya huzuni kuondoka.

Sasa tazama mchezo unavyochezwa. Dawa hizi huchukua wiki mbili hadi nne, pengine zaidi, kabla hazijaonyesha faida. Adha zake zinaanza siku za mwanzo. Kwa hiyo wiki ya kwanza mgonjwa analipa tu, hajapokea kitu. Alikuwa anasahau, bado anasahau, na sasa mdomo umekauka na asubuhi kichwa kizito kama gunia la mihogo. Atamlaumu nani? Kidonge. Anakitupa chooni, anarudi kijiweni kuwa shahidi: "Nilizitumia, nusura zinimalize." Laiti angeambiwa mapema kwamba wiki mbili hizi ni ngumu, vumilia, na jambo fulani likitokea rudi haraka, habari ingekuwa nyingine. Hasa kijana, maana tangu 2007 mamlaka ya dawa ya Marekani imetaka vidonge hivi vibebe onyo kwamba walio chini ya miaka 25 wachungwe mwanzoni mwa matibabu, kwa kuwa baadhi yao mawazo ya kujidhuru huweza kuongezeka. Onyo hilo halitoshi kwenye kibahasha cha 1 x 1.

Haya, tuje kwenye kidonge chenyewe, maana kijiwe nacho kina chembe ya ukweli, na chembe hiyo ina jina. Inaitwa amitriptilini. Ni dawa ya zamani, iliyoruhusiwa Marekani mwaka 1961, na imo katika orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani tangu orodha ya kwanza ya mwaka 1977. Ni rahisi, na inafanya kazi. Lakini ubongo una kemikali inayoitwa asetilikolini, tarishi anayesaidia umakini na kuandika mambo mapya kwenye kumbukumbu. Amitriptilini inamzibia tarishi huyu mlango. Kuziba huko huko ndiko kunakokausha mate, kufunga choo na kutia ukungu machoni. Juu yake inaleta usingizi mzito. Kwa kijana anayetumia kipimo kidogo usiku, inaweza kuwa ni uzito wa asubuhi tu. Kwa bibi wa miaka 70 inaweza kuwa ni kuchanganyikiwa, kuanguka usiku, kuita wajukuu kwa majina ya marehemu.

Na bibi huyo pengine hajui hata kwamba anakunywa dawa ya sonona, kwa sababu kidonge hicho hicho hutolewa kwa miguu inayowaka moto ya mwenye kisukari. Kesho yake anawashwa mwili, mjukuu anamkimbilia duka la dawa kununua Piriton. Piriton nayo inamzibia tarishi yule yule mlango! Sasa ni makufuli mawili kwenye mlango mmoja, na ukoo unakaa kikao kujadili nani kamroga bibi. Mwaka 2015 watafiti wa Seattle, Marekani, walichapisha matokeo ya kuwafuata wazee 3,434 wenye miaka 65 na zaidi. Waliotumia kwa wingi na kwa miaka dawa za jinsi hii, zikiwemo za sonona za kundi la amitriptilini na za mzio za kundi la Piriton, walipata zaidi ugonjwa wa kupoteza akili uzeeni. Utafiti wa kuwafuata watu hauthibitishi kwamba dawa ndiyo iliyosababisha. Lakini unatosha kumfanya mtoa dawa afungue mdomo na kuuliza: "Mama, kuna dawa nyingine unakunywa?"

Zipo dawa za kizazi kingine, kama fluoksetini, iliyoruhusiwa Marekani mwishoni mwa 1987 kwa jina la Prozac. Hizi hazimgusi sana yule tarishi, na wengi sonona ikipungua wanaona akili inarudi. Wapo wanaolalamikia jambo jingine: si kusahau, ila ubaridi. Hucheki sana, hulii sana. Mwaka 2023 watafiti wa Cambridge na Copenhagen walitoa matokeo ya watu wazima 66 wasio wagonjwa, baadhi wakipewa esitalopramu, dawa ya kundi hili, kwa zaidi ya wiki tatu, wengine kidonge kitupu. Kumbukumbu na umakini havikutofautiana. Kilichopungua ni wepesi wa kujifunza kutokana na tuzo, yaani ule msisimko wa kupatia.

"Si umeona!" atadakia mshairi wa kijiweni. "Ubaridi! Mwandishi bila moto ni nini?"

Taratibu, bwana. Imani hii kwamba mwandishi lazima aoze ndipo anukie, nani kaileta? Tunasoma Kichwamaji tunamkuta Kazimoto anajiua, tunadhani ndiyo masharti ya kazi. Tunasahau kuwa Euphrase Kezilahabi, mtoto wa Ukerewe, jirani yetu wa ziwa hili hili, alichapisha kitabu hicho mwaka 1974 na akaishi mpaka 2020. Alimpita Kazimoto wake kwa miaka 46, akaandika Nagona na Mzingile, akafundisha vyuo vikuu. Aliyeandika ni yule aliyebaki hai na kukaa mezani. Sonona haiandiki. Mtu asiyeweza kunyanyuka kitandani hanyanyui kalamu. Kama dawa imekupa ubaridi, mwambie aliyekuandikia. Kipimo hupunguzwa, dawa hubadilishwa. Ila usiache ghafla, maana mwili ukishazoea, ukikatishwa ghafla unaweza kukuletea kizunguzungu, wasiwasi na usingizi mbovu, na ugonjwa kurudi.

Tena nina neno na masela. Tarime imetajwa kwa bangi kabla baadhi yetu hatujazaliwa. Mtu anavuta asubuhi, anashushia gongo jioni, halafu anakuonya kwamba kidonge cha hospitali kitamharibia kumbukumbu! Bangi yenyewe inavuruga kumbukumbu ya muda mfupi, hilo halina ubishi. Pombe ukichanganya na amitriptilini, kila kimoja kinazidisha usingizi wa mwenzake. Woga wako wa kemikali, mshikaji, unachagua kemikali.

Kwa nini tunanyamaza? Huku kwetu kijana anafundishwa tangu jandoni asipepese jicho kisu kikipita. Mbele ya kisu ni sifa. Mbele ya sonona ni mtego. Tukiibiwa ng'ombe Ritongo linaitishwa, wazee wanakaa, kila mtu anasema. Akili ya kijana ikiibiwa tunamtania kuwa gari la Mirembe linakuja. Na ajabu yake, kusema tu kunatibu. Mwaka 2003 yalichapishwa matokeo ya jaribio katika vijiji 30 vya Masaka na Rakai, Uganda, ng'ambo ya ziwa. Watu wenye sonona walikaa vikundi kila wiki, wakiongozwa na mtu wa kwao aliyefundishwa. Baada ya wiki 16 za vikao, waliobaki na sonona walikuwa 6.5 kwa mia. Kule vikundi havikuwepo walikuwa 54.7 kwa mia.

Kwa hiyo nadai mambo matatu. Mtoa dawa: taja jina la kidonge, eleza kinachoweza kutokea kichwani, uliza dawa nyingine. Foleni ndefu naijua, lakini dakika mbili hazijawahi kufunga zahanati. Mgonjwa: uliza jina, liandike, na kabla ya kuanza andika pia unasahau nini na kwa kiasi gani, ili baada ya mwezi ujue nani mwizi.

La tatu ni letu. Maelezo ya dawa hizi yamechapwa kwa Kiingereza, kwa herufi za sisimizi, na mara nyingi hata hayo huyaoni kwa kuwa vidonge vinahesabiwa kutoka kopo kubwa. Tunatunga mashairi ya mapenzi mia kwa mwezi. Nani ametunga ukurasa mmoja wa Kiswahili safi ambao bibi wa Nyamwaga atasomewa na mjukuu wake akaelewa anachomeza? Kidonge hakina mdomo, na sisi tunajiita wasemaji wa jamii.

Atakayebisha, aandike.