Njia ya Lumumba isiiruke Likasi

Mwezi wa sita 2022, jino la Patrice Lumumba liliporudishwa kutoka Ubelgiji, jeneza lake lilipelekwa Onalua alikozaliwa, Kisangani alikojenga siasa yake, na Shilatembo alikouawa tarehe 17 mwezi wa kwanza 1961 pamoja na Maurice Mpolo na Joseph Okito. Tarehe 30 likazikwa Kinshasa. Anayetaka leo kufuata nyayo za waziri mkuu wetu wa kwanza anafuata vituo hivyo. Likasi haimo.

Hata hivyo, mgeni akifika Shilatembo tayari yuko upande wa barabara ya Likasi. Kwa nini arudi nyuma?

Mwezi wa kwanza 1960 mji wetu uliitwa bado Jadotville. Wakoloni walikuwa wamemhukumu Lumumba kifungo cha miezi sita kwa sababu ya machafuko ya Stanleyville, wakamleta kufungwa hapa, mbali na watu wake. Wakati huohuo, Brussels, Meza ya Duara juu ya uhuru ilikuwa imefunguliwa tarehe 20. Wajumbe wa Kongo walidai aachiliwe, na Ubelgiji ikakubali. Akatoka gerezani Jadotville, akapanda ndege, akaingia mkutanoni akiwa na bandeji kwenye vifundo vya mikono. Tarehe 27 mwezi huo ikatangazwa kwamba uhuru utakuwa tarehe 30 mwezi wa sita.

Shilatembo inatuonyesha namna walivyomuua. Likasi ingetuonyesha juma ambalo mfungwa aliwashinda waliomfunga. Watoto wetu wanajua kifo chake kuliko ushindi wake.

Najua kuna watakaosema Katanga ilikuwa ya Tshombe. Lakini Balubakat ya Jason Sendwe, chama cha Katanga hii hii, ilisimama na Lumumba. Na Shilatembo je, si Katanga?

Ulimwengu unalijua jina la Jadotville kwa sababu ya filamu ya 2016 juu ya askari wa Ireland waliozingirwa hapa 1961, filamu iliyopigwa Afrika Kusini. Wao wametunza habari yao. Sisi, aliyekuwa na miaka 15 wakati Lumumba anafungwa hapa amepita miaka 80. Ofisi ya meya, walimu wa historia na redio za Likasi wawatafute wazee hao na kurekodi maneno yao mwaka huu. Bango na mnara vinaweza kungojea bajeti, wazee hawawezi.